Chini ya Shimo ni Usiku

Kwetu Handeni mto huitwa mto hata ukiwa hauna maji. Wetu ulikuwa mchanga mtupu kwa sehemu kubwa ya mwaka, na bado mtu aliyejitwika mtungi alisema, "Naenda mtoni," wala hakuna aliyecheka. Aliyecheka ni mume wa dada yangu. Yeye alizaliwa Mashewa, ambako mto ni maji na mtoto hujua kupiga kafi kabla hajajua kufunga shuka. Siku ya kwanza alipowaona wanawake wa kwetu wamepiga magoti korongoni wakichota mchanga kwa vikata, alisimama kando akashika kiuno.

"Mlamu," akaniita, ndivyo tulivyoitana mashemeji, "hawa wanafukua mto au wanafukua mihogo?"

Nikamwambia asubiri kiangazi, atafukua na yeye. Alisubiri, akafukua, na siku alipoyaona maji yakitoka jasho kwenye mchanga, kidogo kidogo, akanyamaza. Jioni alimwambia dada yangu kwamba sasa ameelewa kwa nini watu wa kwetu wana maneno mengi: tunangoja maji, tutafanya nini kingine?

Alikuwa amejenga uani kwetu, maana baba alikwisha kufariki na mwanamume wa nyumba nilikuwa mimi, jambo ambalo mama alilitaja kama mtu anayetaja upungufu wa kuni. Nilipelekwa shule ya serikali Tanga, nikasoma mpaka kidato ambacho wenzangu walitokea wakawa makarani, na mimi nikatokea mlangoni kwa mama. Nilirudi najua Kijerumani cha kutosha kuomba ruhusa ya kwenda nyumbani. Cha kubaki ulikokwenda sikuwahi kukijua. Wengine huzaliwa na nyota ya safari. Mimi nilizaliwa na kizingiti. Funza nao waliniunga mkono: walinila vidole vya mguu wa kushoto nikiwa bado mdogo, na tangu hapo mtu akinituma mbali naanza kuchechemea kabla hajamaliza kusema.

Kwa hiyo vita vya Wazungu vilipofika, na askari wakaja na jumbe kukusanya wapagazi, mguu huo ndio ulionisemea. Ilikuwa asubuhi, tuko shambani tunatazama mahindi yaliyokauka yakiwa yamefika magotini. Wakamshika mlamu, wakamtia kamba pamoja na wengine. Askari mmoja akanigeuza, akautazama mguu, akacheka.

"Huyu mwacheni. Huyu si mpagazi, huyu ni mzigo."

Hata mlamu alicheka, na kamba iko shingoni. "Umeona, mlamu? Umepona kwa miguu isiyokwenda." Kisha akamgeukia dada, ambaye alikuwa ameshika jembe kama mtu atakayelitumia. "Wewe bishana na kaka yako tu. Kabla hamjamaliza nitakuwa nimerudi."

Wakaondoka kwa njia ya kusini. Dada hakulia. Alirudi kwenye mstari wake akaendelea kulima udongo ambao haukuwa na cha kulimiwa.

*

Mwaka huo mvua za vuli zilitupita kama mgeni aliyekosea nyumba. Maji yalishuka chini ya mchanga, tukayafuata. Kuchimba kisima cha korongoni ilikuwa kazi ya wanaume, kwa sababu shimo likizidi urefu wa mtu kingo huporomoka, na anayeingia lazima ajue kuzizuia kwa fito na matawi. Lakini wanaume walikuwa wamebeba unga na masanduku ya risasi huko tusikokujua. Wakabaki wazee, watoto, na mimi. Wanawake walinitazama, wakatazamana, wakanipa kamba. Hivyo nikawa fundi wa kisima kwa kukosekana fundi. Mwili wangu, ambao mama alikuwa akiulaumu kwamba hauonyeshi chakula unachokula, ulikuwa na upana ule ule wa shimo.

Kazi ilikuwa hivi. Nashuka kwa vidato vilivyochongwa ukingoni, nachuchumaa chini, nangoja. Maji yanatoka polepole, meusi kwanza, halafu kama maziwa yaliyotiwa majivu. Nayachota kwa kata, natia kibuyuni, navuta kamba, na dada yangu aliye juu mdomoni mwa shimo anakipandisha. Halafu nangoja tena. Wanawake wamekaa kwa zamu, mitungi imepangwa, na kila mmoja anajua aliye mbele yake hata ukimwamsha usingizini. Nilikuwa nikimwona dada kwa chini: kidevu, shingo iliyoanza kuonyesha mishipa, na mbingu nyuma yake isiyo na hata wingu la kusingizia.

Mama alitaka tuhame. Ndugu zake walikuwa Vugiri, juu milimani, ambako kuna mvua na ndizi, na watu hulalamika kwamba nguo hazikauki. Kila siku alisema, "Twende Vugiri." Na kila siku dada alijibu, "Akirudi akute majivu?"

"Ataelekezwa na watu."

"Watu gani, mama? Watakuwa wamebaki?"

Hapo mama alinitazama mimi nisaidie. Nami nilitazama kizingiti.

Dada alikuwa anakonda. Chakula kidogo tulichokuwa nacho alikigawa, sehemu ya mumewe akaifunika kwa kawa, asubuhi akaipa kuku. Na kuku walipokwisha, akaendelea kuifunika. Hilo ndilo lililonifanya nifungue mdomo mle shimoni. Sikuwa na dawa nyingine. Kama mtu hana nguvu za kubeba wala miguu ya kwenda kutafuta, anabaki na ulimi.

"Dada," nikasema siku moja nikiwa chini, "huku nimeona mto mwingine."

Kibuyu kikaendelea kupanda.

"Huu unakwenda chini asubuhi, jioni unarudi juu. Ulichokichukua asubuhi unakirudisha jioni, umekiosha."

Kidevu kikasogea. "Na ukichukua mtu mvivu?"

"Huyo unamrudisha mapema. Hauna kazi naye."

Mtu mmoja juu akacheka. Lakini mama, aliyekuwa kwenye zamu, akasimama na ngata mkononi.

"Nyamaza wewe! Ngano mchana? Husikii wazee? Anayesimulia ngano mchana, mtu wa nyumba yake hupotea njia. Na sisi tuna mtu njiani!"

Wote wakanyamaza, kwa sababu ilikuwa kweli: mwiko huo sote tulikua nao, na hapakuwa na mwanamke pale asiye na mtu njiani. Nilikwisha kushika kata nirudi kwenye kazi yangu. Ndipo akasema bibi mmoja, mkubwa kuliko wote pale, mwenye sauti kama mlango wa ghala. Mjukuu wake na mkwewe walikwenda kwenye kamba moja na mlamu.

"Hebu sogeeni nione." Akainama juu ya shimo. "Wewe huko chini, unaiona mikono yako?"

"Shikamoo, bibi. Naiona kwa shida."

"Unaona jua?"

"Silioni."

Akanyanyuka akishika mgongo. "Basi huko ni usiku. Mchana uko huku juu kwetu, na sisi hatusimulii, tunasikiliza tu. Anayesimulia yuko usiku. Mwiko haujavunjwa. Haya, mto unarudi juu, halafu?"

Mama hakuridhika. Alikaa, lakini aligeuza mgongo. Na masikio, aliniambia dada baadaye, hakuyageuza.

*

Basi nikaanza kuujenga ule mto. Sitaki kujisifu, maana nilikuwa natumia vitu vilivyokuwa karibu, kama mwizi mvivu. Nilisema ukingo wa huku ni kama kwetu, mchanga na miiba, lakini ukingo wa pili miti huzaa kunde zilizokwisha kuiva na kutiwa chumvi. Samaki wake wana adabu. Ukimvua mkubwa, wadogo huja kukuamkia kwanza. Akida wa huko ni kaa: anatoza kodi ya kila gamba, na kwa kuwa hutembea upande hajawahi kumfikia mtu anayemdai. Askari ni vyura. Hupiga kelele mpaka mvua inyeshe, kisha huzama. Na mizigo ya ng'ambo hutembea yenyewe kwa miguu yake, na wenye mizigo hufuata nyuma mikono mitupu, wakiigombeza kwa kuchelewa.

Hapo kwenye mizigo wanawake walicheka mpaka mmoja akaangusha mtungi, tukapoteza maji ya asubuhi nzima. Hakuna aliyemgombeza.

Siku ya pili yake yule mwenye mtungi uliovunjika alinong'ona mdomoni mwa shimo, kama anaagiza kitu dukani. "Na mume wangu mtie. Ni mrefu, anapenda kuimba vibaya."

Nikamtia. Nikamfanya mlinzi wa mashamba ya kunde, aimbe ili ndege wakimbie. Kesho yake wakaja wengine. Mjukuu wa bibi nikampa kazi ya kuchunga samaki. Kila mwanamke alipata habari ya mtu wake pamoja na maji yake, na walianza kuja mapema zaidi ya ilivyohitajika. Walijua kwamba natunga. Wasingekosa kujua, walinijua tangu nikiwa nachokolewa funza uani. Lakini mtu mwenye kiu hamuulizi maji yametoka shimo gani.

Mlamu nilimpa mtumbwi. Nani mwingine? Yeye peke yake katika kamba ile ndiye aliyejua maji. Alivusha watu kutoka huku kwenye miiba kwenda kwenye kunde, akawatania, akasema hawajui kukaa mtumbwini, wanashika kingo kama wanawake wa Handeni walivyoshika mchanga. Dada alisikiliza ameuma kamba kwa meno. Hakuwahi kuomba kitu. Ila kila siku, kibuyu cha mwisho kikishapanda, aliuliza swali moja.

"Leo yuko ukingo gani?"

"Yuko katikati."

"Mbona humfikishi?"

"Mto mpana, dada."

Ukweli ni kwamba nilikuwa namwona akiinua macho kutazama njia ya kusini kila nilipomsogeza mlamu karibu na ukingo wa huku. Na nikimsogeza ukingo wa ng'ambo, alikuwa anaacha kula siku hiyo. Kwa hiyo nilimweka katikati, anapiga kafi, na mto unageuka chini yake asubuhi na jioni. Nilimjua mlamu; angenitukana. Angesema, mlamu, hata hadithini unanichosha.

*

Mtu mmoja, mwenyeji wa Kerenge, alinikuta korongoni asubuhi moja mapema, kabla ya wanawake. Nilikuwa nimekwisha kuchota kibuyu cha kwanza, nimepanda nacho kupumua. Aliteremka ukingoni akiwa amekaa, anajiburuta, kwa sababu miguu haikuwa inamsikiliza. Nilidhani ni mzee. Alipofika karibu nikaona ni mtu wa rika langu.

Hakunisalimia. Alinyoosha mkono kwenye kibuyu, akanywa chote, hata tope la chini. Halafu akautazama mguu wangu kwa muda.

"Wewe ndiye mlamu wa miguu isiyokwenda."

Nikajua. Hayo yalikuwa maneno ya mtu mmoja tu.

Alinieleza akiwa ameinamisha kichwa, kwa sauti ya mtu anayehesabu njia. Walikuwa kamba moja. Mlamu aliwachekesha wote mwanzoni kwa habari za watu wanaofukua mto kama mihogo. Kisha tumbo likamshika, la damu, kama lilivyowashika wengi. Alibeba hivyo hivyo. Walipofika mto mmoja mkubwa kusini, maji tele, yanasikika kabla hayajaonekana, adui alikuwa nyuma, askari wakawaambia hakuna kusimama, hakuna kunywa, vukeni. Mlamu alikaa chini ukingoni. Mzigo wake akapewa mwingine kabla hajakata roho. Kamba ikakatwa, ikafungwa upya.

"Aliniambia nikipona nipite hapa," akasema mtu wa Kerenge. "Alisema, ukifika utakuta watu wanachimba, usicheke."

Hakucheka. Alinyanyuka akaendelea na njia yake kwenda Korogwe, ili avuke mto wa huko aende kwao, na mimi nilimtazama akipanda ukingo kwa magoti na viwiko.

Kwa desturi, habari ya msiba haimwendei mke moja kwa moja. Humwendea ndugu yake mwanamume, naye ndiye huifikisha. Mama alikuwa na kaka, yuko Vugiri. Dada alikuwa na mimi. Niliwaza kumtafuta mzee wa kunisaidia maneno. Lakini wanawake walikuwa wamekwisha kutokea na mitungi, na dada mbele, kamba begani. Nikafanya kile ninachokiweza kuliko vyote. Nikashuka shimoni.

Nikachota. Kibuyu cha kwanza kikapanda, cha pili kikapanda.

"Kimya leo," akasema bibi. "Huko mtoni wamelala?"

Nikafungua mdomo. Nilikuwa nimeipanga hadithi njiani kuelekea chini, katika vile vidato: kwamba mto utasimama, hautakwenda chini wala juu, samaki wote watainua vichwa, na mtumbwi utaingia ukingoni polepole, peke yake. Ilikuwa nzuri. Hata sasa naona ilikuwa nzuri.

"Leo," nikasema, "mtumbwi umefika ukingoni."

Wanawake wakashangilia. Mmoja akapiga kigelegele kidogo. Dada hakushangilia. Kamba iliyokuwa mkononi mwangu ikakazika.

"Panda," akasema.

"Sijamaliza, dada, mtungi—"

"Panda juu. Toka huko usiku. Kama una neno, uniambie juani."

Sikuwahi kukuta vidato virefu kama vile. Nilipotoa kichwa nje jua lilinipiga, nikawa sioni, nikawasikia tu wakisogea kutupisha. Dada alinishika mkono akanivuta mpaka nikasimama. Uso wake ulikuwa karibu sana na wangu.

"Sasa."

"Amekufa, dada."

"Nani kasema?"

"Mtu wa kamba yake. Amepita alfajiri."

"Wapi?"

"Kusini. Ukingoni mwa mto."

"Mto huo una maji?"

"Tele."

"Alikunywa?"

Nilitazama shimo. Mle chini ningemnywesha. Mle chini ningempa maji ya mto mzima, na samaki wa kumletea kwa adabu. Lakini nilikuwa nimesimama juani, na watu wote wananiona.

"Hakunywa," nikasema. "Hawakuwaruhusu."

Mama alitoa sauti, akakaa mchangani. Wanawake wakaanza, mmoja mmoja, na kilio kikapanda lile korongo kama maji ambayo hatujawahi kuyaona. Dada alisimama katikati yake. Baada ya muda mama alimshika pindo la kanga akasema, kama anayejisemea, "Basi hakupotea njia, mwanangu. Alipo panajulikana." Akarudia mara kadhaa. Sijui alikuwa anamfariji dada au anaufutia mwiko deni.

Kilio kilipopungua, mitungi ilikuwa pale pale, mingine mitupu. Hakuna aliyesogea. Ndipo yule wa mume mrefu, anayeimba vibaya, akasema kwa sauti ndogo, amejifunika uso kwa kanga, aibu imemjaa:

"Na wangu? Leo yuko wapi?"

Nilidhani dada atamrukia. Alimtazama. Kisha akaokota kamba mchangani, akaikung'uta, akanipa ncha yake.

"Rudi chini," akasema. "Mjibu mwenzangu."

*

Matanga yalikuwa madogo, kwa sababu hapakuwa na cha kupika. Baada yake mama alimchukua dada wakapanda Vugiri, na hakuna aliyebisha tena. Mimi nilibaki. Watu walisema, huyu hata njaa haimtoi nyumbani, na sikuwajibu, kwa kuwa lilikuwa jina langu la zamani na linanikaa vizuri. Lakini wanawake walikuwa pale, na shimo lilikuwa na upana wangu.

Asubuhi ya kuondoka dada alipitia korongoni. Alikuwa na mzigo mdogo, na kawa lile la kufunikia chakula amelifunga juu yake. Aliinama mdomoni mwa shimo, nikaona kidevu.

"Kaka."

"Naam."

"Ule mtumbwi usimpe mtu."

Sikumpa. Ukawa umefungwa ukingoni, na watu wote wa mle mtoni, waliokuwa upande huu na waliokuwa upande ule, wakabaki walipo. Wanawake walipouliza mbona wanaume wao hawavuki, mbona hakuna anayerudi, niliwaambia wavumilie, maji yamejaa mno, hayapitiki. Nikawa nasema hivyo nimekaa juu ya mchanga, nangoja kata ijae.